Picha za Wahispania zije Tandika, na mtu wa kuzieleza aje nazo

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika safu yako ya barua nimjibu msomaji mwenzangu aliyeandika juzijuzi akilalamika kwamba kuna wasomi wanaowapotezea wananchi muda kwa kuwaonyesha picha za kale za Hispania, ilhali mitaro ya Temeke imeziba. Kuhusu mitaro hana mpinzani. Mimi ni mkazi wa Tandika, mvua ikinyesha natoka nyumbani viatu nimevishika mkononi. Ila jioni anayoisema mimi nilikuwepo mwanzo hadi mwisho, na kwa jinsi alivyoandika naona kabisa kwamba yeye habari hizo amesimuliwa.

Nijitambulishe kidogo ili ajue anajibiwa na nani. Mimi ni fundi wa mabango. Nimeandika majina ya maduka, saluni, gereji na shule za chekechea. Zamani zile, kabla magari hayajaanza kubandikwa stika, nimeandika maneno ya nyuma ya daladala, kila tajiri na lake, wengine wakimsema jirani kwa mafumbo. Tangu zilipoingia mashine za flexi kazi imepungua. Siku hizi napata zaidi kuta za shule, na vile vichwa vya vijana walionyolewa vinavyochorwa mlangoni kwa kinyozi. Chuo cha sanaa sijakanyaga. Kwa hiyo hapa sitetei tumbo langu, wala sitetei usomi ambao sina.

Aliyetuonyesha picha ni dada mmoja mwanahistoria wa sanaa, mtoto wa huku huku kwetu, aliyekwenda nje kusomea uchoraji wa Hispania. Alimwomba mwenyekiti wa mtaa ule uwanja wa nyuma ya ofisi, akatundika shuka mbili nyeupe zilizoungwa kwa cherehani, projekta akaiweka juu ya meza ya mama ntilie. Watoto walijaa mbele wamekaa chini, akina mama kwenye mikeka, sisi wengine tumesimama. Muuza kahawa naye akaacha kugonga vikombe vyake. Ungekuwa mkutano wa kampeni ningesema watu wamefuata fulana, lakini hapakuwa na fulana wala soda.

Dada yule hakuanza na wafalme, kama msomaji wako anavyodai. Alianza na mjakazi. Ni picha ya Diego Velázquez, aliyoichora mnamo 1618 akiwa hajafika hata miaka ishirini, kule Sevilla alikozaliwa. Leo iko Dublin, nchini Ireland. Mwanamke mwenye asili ya Afrika, kitambaa cheupe kichwani, ameinamia meza ya jikoni. Mbele yake kuna kinu cha shaba na mchi wake, kitunguu saumu, na vyombo vilivyooshwa vikainamishwa. Nyuma yake ukutani kuna kama kidirisha, na ndani yake unamwona Yesu yuko mezani na wanafunzi wake kule Emau. Dada akatueleza kwamba sehemu hiyo ilikuwa imefunikwa na rangi ya watu wengine, ikafichuka picha iliposafishwa mwaka 1933. Kabla ya hapo waliojua picha hiyo waliijua kuwa ni ya jikoni, basi.

Hapo ndipo mama mwenye meza, ambaye alikuwa anaangalia projekta isimwangushie meza yake, akasema kwa sauti: huyo mama anasikiliza. Mkono uko kazini, sikio liko sebuleni. Tukatazama tena, na kweli, kichwa chake kimelala upande ule wa kidirisha. Akaendelea: na hayo mabakuli ameyainamisha yachuje maji, hajamaliza kazi huyo, bado ana sufuria. Watu wakacheka, naye dada wa projekta akaacha kueleza akamwachia mama ntilie aendelee. Halafu ndipo akatuambia kwamba Sevilla ya wakati ule ilikuwa na watumwa wengi kuliko miji mingi ya Ulaya, wengi wao wakiwa wametolewa Afrika au wamezaliwa na mama waliotolewa Afrika. Kumbe yule aliyekuwa akisafisha vyombo mbele yetu, kijana Velázquez hakumtoa kichwani. Watu wa namna yake walikuwa majikoni mwa mji mzima.

Sasa ndugu yangu msomaji anauliza picha hizo zinatuhusu nini.

Ikafuata picha ya mtu ambaye jina lake nimeliandika kwa chaki kwenye mlango wa kibanda changu: Juan de Pareja. Alizaliwa Antequera, kusini mwa Hispania, karibu na mwaka 1608, na alikuwa mtumwa wa huyo huyo Velázquez, akimsaidia katika karakana. Velázquez alipotumwa Italia na Mfalme Felipe wa Nne kununua kazi za sanaa, alikwenda naye. Wakiwa Roma, mwaka 1650, akamchora. Picha ikatundikwa hadharani kwenye Pantheon, jengo la kale la mji ule, tarehe 19 Machi mwaka huo, wachoraji wa Roma wakaja kuitazama. Kuna mwandishi aliyeitwa Palomino, wa karne ya 18, anayesimulia kwamba kabla ya hapo Velázquez alimtuma Pareja mwenyewe aipeleke picha ile kwa marafiki zake waitazame. Wale marafiki wakawa wanatazama picha, wanamtazama mtu, hawajui wamsalimie yupi.

Nataka nikae kidogo hapa kwa sababu ni mambo ya kazi yangu. Pareja amevaa kola pana nyeupe ya lesi, zile za kutobolewatobolewa, juu ya nguo ya kijivu iliyokolea. Mkono mmoja umepita mbele ya kifua. Anakutazama usoni bila kuomba kitu. Dada aliikuza picha, maana makumbusho ya New York inakokaa picha hiyo yanaweka mafaili makubwa ambayo ukiyavuta hayachakai, akaileta kola hadi ikajaa shuka zote mbili. Jamani, hapakuwa na kola! Palikuwa na mikwaruzo ya rangi nyeupe, minene mahali, mahali myembamba hata rangi ya chini inaonekana, brashi imepita mara moja ikaondoka. Akairudisha mbali, kola ikarudi, na matundu yake yote.

Hilo sisi wa mabango tunalijua kwa mikono. Bango la barabarani anayelisoma ni mtu aliye ndani ya daladala, gari linakwenda, jua liko machoni. Ukikaa kuchonga kila kona ya herufi kwa brashi ndogo, umepoteza siku na rangi, na yule wa kwenye daladala haoni tofauti. Unapiga kivuli cha herufi mara moja kwa brashi bapa, unarudi nyuma hatua kumi, unatazama. Vijana wangu huwa nawagombeza kwa kutorudi nyuma. Kumbe mambo haya Velázquez aliyafanya kwenye kola ya mtumwa wake, kwenye picha ya kama sentimita 81 kwa 70, na leo watu wanapanga foleni New York kuitazama. Iliuzwa mnadani London mwaka 1970 kwa zaidi ya dola milioni 5.5, bei ambayo hakuna picha iliyokuwa imewahi kuifikia mnadani. Kijana mmoja wa bodaboda akauliza, na Pareja mwenyewe alinunuliwa shilingi ngapi? Kicheko kikakatika.

Sasa nieleze kwa nini nasisitiza kwamba asitundike tu picha mtu akaondoka. Aje na ujuzi wake. Huyo Palomino anasimulia hadithi nyingine tamu: kwamba Pareja alijifunza kuchora kwa siri, akaigeuza picha yake ukutani ili mfalme akija aigeuze mwenyewe aione, mfalme akaigeuza, Pareja akapiga magoti akaungama, na mfalme akaamuru aachwe huru. Watu uwanjani walipiga makofi. Mimi nami nilipiga. Dada akasubiri makofi yaishe, akasema hadithi hiyo ni nzuri lakini tuna karatasi. Hati yenyewe ilipatikana Roma katika kumbukumbu za kale, ikachapishwa mwaka 1983: Velázquez alimwandikia Pareja uhuru tarehe 23 Novemba 1650, huko huko Roma, kwa sharti kwamba amtumikie miaka minne zaidi ndipo awe huru. Hakuna mfalme aliyegeuza picha. Kuna karani, tarehe, na miaka minne ya kungoja.

Mzee mmoja jirani yangu alikasirika. Alisema ile ya mfalme ilikuwa bora, kwa nini waiharibu. Wakabishana yeye na mwalimu mstaafu hadi dada akawaomba waendelee nje ya mkeka. Mimi upande wangu naona ile miaka minne inasema zaidi. Bwana amemchora mtu kwa heshima kiasi cha Roma nzima kushangaa, mwezi wa Machi. Novemba ndipo anamwandikia uhuru, tena wa kulipia kwa kazi. Mtu anayetazama picha peke yake kwenye simu atapewa ile heshima tu. Sharti la miaka minne hulioni kwenye rangi, lazima aliyesoma akwambie.

Na alipokuwa huru Pareja alichora mwenyewe, kwa jina lake. Kazi yake kubwa, ya mwaka 1661, iko Makumbusho ya Prado mjini Madrid: Mathayo mtoza ushuru anaitwa na Yesu. Ina upana wa zaidi ya mita tatu, imejaa watu, zulia na meza ya hesabu. Pembeni kabisa kushoto amesimama Pareja mwenyewe, amevaa vizuri, kashika kikaratasi chenye jina lake. Dada akaziweka sura mbili ubavu kwa ubavu, ile aliyochorwa na Velázquez na hii aliyojichora, na akatuuliza ni mtu mmoja? Katika picha yake mwenyewe Pareja amejifanya mweupe zaidi, pua imechongoka, sura imesogea upande wa Wazungu. Wataalamu wenyewe wanalijadili hilo. Uwanja ukalipuka. Wasichana wa saluni ndio walioongea kuliko wote, na ninyi mnajua wanachouza kwenye makopo yao. Mmoja akasema mwacheni, alikuwa anatafuta kazi. Sijasikia mjadala wa namna hiyo hapa mtaani hata siku ya kura za maoni.

Ya Goya, mchoraji mwingine wa Hispania, nitaipita upesi maana wengi mmeiona kwenye kalenda. Ni ile ya watu wa Madrid kupigwa risasi na askari wa Napoleon usiku wa kuamkia tarehe 3 Mei 1808. Goya aliichora mwaka 1814. Mtu wa shati jeupe amenyoosha mikono, taa ya sanduku iko chini, askari wamempa mtazamaji mgongo, huoni uso hata mmoja. Palikuwa na mzee kutoka Songea. Aliposikia tarehe, akasema kwao wana tarehe 27 Februari, mwaka 1906, siku Wajerumani walipowanyonga mashujaa wa Majimaji, na kila mwaka wanakumbuka. Halafu akauliza ya kwao kachora nani. Swali hilo nalileta kwako, Mhariri, kama lilivyo.

Nije kwenye hoja ya pili ya msomaji, kwamba picha za makumbusho ni mambo ya wakubwa na uwanjani si mahali pake. Hili nalo lina historia, na historia yake iko Hispania hiyo hiyo. Alikuwepo mwanahistoria wa sanaa aliyeitwa Manuel Bartolomé Cossío. Mwaka 1908 alichapisha kitabu kikubwa kuhusu El Greco, mchoraji aliyekuwa amesahauliwa na wengi, na ambaye kwa kuzaliwa hata si Mhispania, ni Mgiriki wa Krete. Kwa kitabu kile Cossío angeweza kukaa Madrid akanywa kahawa na wasomi wenzake hadi kufa. Lakini mwaka 1931 Hispania ilipokuwa jamhuri, yeye akiwa mzee tena mgonjwa, aliwekwa kuongoza mpango wa serikali wa kupeleka elimu na burudani vijijini, huko ambako hakuna barabara wala umeme na wengi hawajui kusoma. Walibeba vitabu, santuri, mashine ya sinema, maigizo, na makumbusho.

Ndiyo, makumbusho kwenye lori. Vijana wachoraji watatu, Ramón Gaya, Juan Bonafé na Eduardo Vicente, walikaa ndani ya Prado wakichora kwa mkono nakala za Velázquez, El Greco, Ribera, Murillo na Goya. Gaya alikuwa hajafika miaka ishirini na mitano. Nakala hizo zikapakiwa, na Oktoba 1932 zikateremshwa kwenye mji mdogo wa El Barco de Ávila, kisha zikaendelea mji kwa mji, zikitundikwa mahali kama shule au ofisi ya mji. Vijana walioongozana nazo, baadhi yao washairi, walikaa na wakulima wakawaeleza picha moja baada ya nyingine. Sitaki kuipamba: mkulima mwenye njaa hashibi Murillo, na walikuwepo Wahispania waliosema hivyo hivyo anavyosema msomaji wako leo, kwamba wapelekewe kwanza mkate. Cossío alifariki 1935, mwaka uliofuata vita vya wenyewe kwa wenyewe vikaanza na lori likasimama. Lakini alichokiona mzee yule ni kwamba mtu wa kijijini amelipia Prado kwa kodi kama mtu wa Madrid, sema hana nauli ya kwenda kuiona.

Nauli ndiyo habari yenyewe. Prado wana saa za bure, kuanzia saa kumi na mbili jioni hadi saa mbili usiku siku za kawaida, nimefurahi kusikia, ila kati ya Tandika na mlango ule kuna viza, tiketi ya ndege na barua ya benki inayoonyesha fedha ambazo sijawahi kuziona kwa pamoja. Kwa hiyo picha ndizo zije. Na kuja kwake siku hizi hakuhitaji ruhusa ya mfalme: yale makumbusho ya New York yenye picha ya Pareja, Metropolitan, tangu Februari 2017 yameachilia picha za kazi zake za kale bure, uchukue, uchapishe, uzitundike popote. Prado nao wameweka mkusanyiko wao kwenye tovuti, unavuta hadi unaona nyufa za rangi. Kilichobaki ni bando, shuka, na mtu anayejua anachokionyesha. Huyo wa mwisho ndiye adimu.

Hoja ya tatu ya msomaji ndiyo ninayoiheshimu: kwamba tungeanza na vya kwetu. Angekaa hadi mwisho angeona. Picha ya kufungia kazi haikuwa ya Mhispania. Ilikuwa ya Sam Ntiro, mzaliwa wa Kilimanjaro, aliyesoma Makerere na London, akawa balozi wetu Uingereza miaka ile ya mwanzo ya Uhuru. Aliichora 1956: wanaume wanampelekea bibi harusi pombe ya ndizi usiku. Iko kwenye Makumbusho ya Sanaa ya Kisasa, New York, tangu 1960. Wachaga wa Tandika, na wapo wengi kuliko mnavyodhani, walisimama wote. Mmoja akaanza kueleza mbege inabebwaje, nani anatangulia, nani anabaki nyuma, na dada akawa anaandika kwenye daftari lake. Aliyesoma anaandika anachoambiwa na muuza vipuri! Hapo nilimpenda zaidi kuliko kwenye kola.

Tena niulize, kama hoja ni vya kwetu: Edward Saidi Tingatinga tunamjua? Jina lake linauzwa kwenye kila duka la zawadi kutoka Mwenge hadi uwanja wa ndege, chui na tembo kwa dola. Mtu huyo alizaliwa Tunduru mwaka 1932, akaanza kuchora hapa Dar mwaka 1968, kwenye hadibodi, kwa rangi za kupakia baiskeli, kwa sababu ndizo alizozimudu. Hizo ni rangi zangu. Kopo ni lile lile, harufu ni ile ile, ukiichanganya vibaya inakunja ngozi kabla haijakauka. Alichora miaka minne tu. Mwaka 1972 aliuawa kwa risasi, polisi wakimdhania mhalifu. Nimewauliza vijana wanaonisaidia kibandani, wawili kati yao wanachora chui hao hao kwa kuuza, na hakuna aliyejua hata kama Tingatinga ni jina la mtu. Walidhani ni ile mashine ya kusawazisha barabara. Ukweli ni kwamba kukijua cha kwetu kunahitaji mtu wa kutukalisha na kutueleza, sawasawa na kukijua cha Wahispania, na aliyezoea kutazama kola ya Pareja kwa makini ataitazama na hadibodi ya Msasani kwa jicho lile lile. Makumbusho ya Taifa yapo pale Shaaban Robert tangu 1940. Jirani zangu wengi wamepita nje wakienda Ocean Road kuona wagonjwa.

Kwa hiyo, Mhariri, ninaomba mambo mawili. La kwanza liko mikononi mwako: toa nusu ukurasa kila wiki, ule ukurasa wa rangi, siku ambayo tangazo la mnada halijaujaza. Picha moja. Wiki hii Pareja, wiki ijayo Ntiro, inayofuata George Lilanga, msanii wetu mwingine, halafu Goya, wala usijali mpangilio. Chini yake aandike mtu aliyesomea, kwa Kiswahili cha watu wanaosoma gazeti wakiwa wamesimama kwenye mwendokasi. Awepo pia wa kumjibu, maana mama ntilie aliona bakuli ambalo msomi hakuligusia.

La pili ni kwa wanaofundisha sanaa vyuoni, hapo Mlimani na Bagamoyo, na kwa yeyote mwenye kenta. Mimi niko tayari kuchora nakala. Nimeshapiga hesabu. Hadibodi ya dukani ni futi nane kwa nne. Picha ya Pareja inatoka kwenye hadibodi moja, na kipande kinachobaki kinatosha kile kidirisha cha Emau. Goya ndiye mtihani: picha yake ni sentimita 268 kwenda juu na 347 kwa upana, nikisimamisha hadibodi tatu upana unatosha na kuzidi, lakini kwenda juu zinapungua sentimita 24, itabidi niunge kwa juu na kuficha mshono ndani ya lile anga lake jeusi. Kola ya Pareja nimeanza kuijaribia kwenye ubao wa chakavu. Mikwaruzo naipata, matundu bado. Malipo sitaki. Anayetaka kusaidia alete hadibodi na rangi nyeusi, kopo la lita nne, maana Goya anakula nyeusi kuliko wachoraji wote niliowahi kuwaona.

Ni mimi msomaji wako,
Fundi wa mabango,
Tandika, Dar es Salaam